Kipa wa Sikio Moja

Otia Lomaia alikuwa mtu wa Poti, mji wa bandari wenye matope mengi kuliko barabara, pale mto Rioni unapomwaga maji yake katika Bahari Nyeusi. Huko mtoto hujua kuogelea kabla ya kujua kufunga kamba za viatu, maana mifereji iko kila upande na hakuna mama awezaye kuilinda yote. Baba yake, Kotsia, aliendesha kreni bandarini, na alikuwa mtu wa maneno machache. Mama yake, Natela, alikuwa na maneno ya wote wawili.

Polo ya majini Otia aliijulia palepale bandarini. Katika kona moja tulivu wafanyakazi walikuwa wamefunga kamba zenye maboya, wakaweka lango la mbao huku na lango la mbao kule, na jioni wanaume saba kwa saba waligombea mpira mpaka midomo inabadilika rangi. Ni mchezo usiogusa chini. Mikono inadaka na kurusha, lakini miguu inakanyaga maji tangu mwanzo hadi mwisho, na huko chini asikoona refa watu wanavutana kaptula na kupigana magoti. Otia alikuwa na kifua kipana na mkono mrefu, kwa hiyo walimfanya mshambuliaji wa kati, yule anayekaa mbele ya lango la wapinzani huku beki amempanda mgongoni. Akipewa nafasi ya kugeuka, mara nyingi ilikuwa bao.

Alipofikisha miaka kumi na minane timu moja ya Tbilisi, mji mkuu wa kwao, ilimchukua. Miaka minne baadaye jina lake lilikuwa limefika Moscow, na majira ya baridi ya kabla ya Olimpiki ya Meksiko akaitwa huko kwenye kambi ya timu ya taifa, maana siku zile Tbilisi na Moscow zilikuwa nchi moja.

Kocha wa kambi ile alikuwa Arkadi Pavlovich, Mrusi mwembamba aliyevaa koti hata pembeni mwa bwawa lenye joto. Hakuwa mtu wa kusifu. Wiki ya pili alimwita Otia ukingoni.

"Lomaia, unacheza kama mtu anayesukuma kabati kupandisha ngazi."

"Hiyo ni mbaya, Arkadi Pavlovich?"

"Nimesema ni mbaya? Kabati linafika. Rudi majini."

Otia aliwasimulia wenzake maneno hayo kwa wiki nzima. Alijua ameshawekwa mahali katika kichwa cha mzee yule, na alikuwa amekwisha kuanza kujiona Meksiko.

Kilichomtoa kilikuwa kiwiko, tena cha mwenzake. Walikuwa mazoezini, beki mmoja alinyanyua mkono kuzuia pasi, na kiwiko kikampata Otia juu ya sikio la kushoto. Kofia za siku zile zilikuwa kitambaa tu. Otia alisikia kama mlango umefungwa ndani ya kichwa. Kisha maji baridi yakaingia mahali ambapo maji hayapaswi kuingia, na ulimwengu ukapinduka. Hakujua juu ni wapi na chini ni wapi. Alipiga mbizi kuelekea sakafuni akidhani anapanda. Kostya, kijana wa Moscow aliyelala naye chumba kimoja, ndiye aliyemkamata kwa kamba za kofia na kumvuta nje.

Ngoma ya sikio ilikuwa imechanika. Arkadi Pavlovich alimtembelea chumba cha daktari, koti mwilini.

"Nenda nyumbani upone kwanza."

"Nikipona nirudi?"

"Ukipona, tutaona."

Katika nchi ile kila mtu, tangu mtoto wa shule hadi mchuuzi wa sokoni, alijua maana ya tutaona.

*

Sikio halikukubali kupona. Katika kliniki ya Tbilisi walilikausha, likafunga, Otia akarudi bwawani, akazama mara moja tu kunyang'anya mpira, likafunguka tena na kutoa usaha. Wakalikausha tena. Meksiko ikapita. Alisikiliza matangazo ya redio kwa sikio la kulia, kisha akaizima na kwenda kutembea kando ya mto Mtkvari mpaka miguu ikamuuma. Daktari, mama mmoja mzee asiyependa kurudia maneno, alimwambia asahau kuzamisha kichwa majini maisha yake yote.

Natela alipopata habari alipanda treni kutoka Poti na kikapu cha jibini, unga wa mahindi na pilipili ya kusaga. Alimsongea mwanawe ugali, akafukia vipande vya jibini ndani yake ili viyeyuke, kama wafanyavyo watu wa kwao, na akangoja mdomo wake ujae ndipo aanze.

"Kreni zipo. Baba yako ameshaongea na msimamizi. Mtu anakaa juu, mkavu, anaona bahari yote."

"Mama, mimi nacheza polo."

"Ulikuwa unacheza. Sasa una tundu kichwani."

"Tundu dogo."

"Hata mtumbwi huzamishwa na tundu dogo, mwanangu. Kula, ugali unapoa."

Otia alikula, akamshukuru, akamsindikiza stesheni. Kuhusu kreni hakusema ndiyo wala hapana, na Natela, aliyemjua kwa ukaidi wake, aliondoka akinung'unika njia nzima.

Aliyempa njia alikuwa nesi wa kliniki ile, Lamara, msichana wa Tbilisi mwenye mikono myepesi na ulimi mkali. Yeye ndiye aliyembadilishia pamba sikioni kila mara, na kila mara alimkuta Otia akibishana.

"Daktari amesema nisizamishe kichwa," Otia alimwambia siku moja. "Hakusema nisiingie majini."

"Kwa hiyo utaogelea vipi? Kama bata?"

Lamara alisema kwa kumtania tu, lakini Otia aliacha kubishana. Alikuwa anafikiri juu ya bata. Katika uwanja mzima wa polo ya majini kuna mtu mmoja tu ambaye kichwa chake hukaa juu mchezo mzima, hashikwi, hakandamizwi, hapandwi mgongoni. Naye ni kipa.

"Nesi," alisema, "unajua kushona?"

*

Kocha wa timu ya Tbilisi, Valerian Sordia, alikuwa mtu mnene mwenye masharubu, na alipolisikia wazo hilo alikaa kwanza.

"Rudia."

"Nataka kuwa kipa, mwalimu."

"Una miaka mingapi?"

"Ishirini na mitatu."

"Kipa anaanza akiwa na kumi na miwili. Miguu yake inakomaa pamoja naye. Wewe nikikuweka langoni ni sawa na kumchukua ng'ombe nikamfundishe densi."

"Ng'ombe ana miguu minne, mwalimu. Mimi ninayo miwili tu ya kufundisha."

Wachezaji waliokuwa karibu walicheka. Sordia hakucheka, lakini pia hakumfukuza. Alimgeukia kipa wake, Guram Shonia, mwanamume wa makamo aliyekuwa akijifuta kwa taulo huku akijifanya hasikii. Guram alikuwa amelilinda lango lile tangu wengine wakiwa watoto, na watu wa Tbilisi walimjua hata kwa mgongo.

"Guram, unasemaje? Anataka kazi yako."

"Aje aichukue," Guram alisema. "Nitamfundisha mwenyewe. Nataka kuona atachoka lini."

Hakuwa anatania. Alimpa Otia kiti cha chuma cha ukingoni, akamwambia aingie nacho kwenye kina kirefu na akae amekibeba juu ya kichwa, maji yasipite kifuani, mpaka aambiwe basi. Kisha Guram aliketi na kumenya chungwa. Alilimenya polepole, akalila kipande kwa kipande, akanawa mikono, akaanza kumsimulia mwenzake habari ya harusi ya shemeji yake. Miguu ya Otia iliwaka moto. Kiti kiliteremka mpaka kwenye paji la uso wake, akakisukuma tena juu.

"Bado upo, bwana mdogo?"

"Nipo, kaka Guram."

"Basi nimalizie habari ya harusi."

Hivyo ndivyo majira yale ya baridi yalivyokwenda. Bwawa lilikuwa la wazi, maji ya moto, hewa ya barafu, na mvuke ulitanda juu yake hata mpira ukawa unatokea kama jiwe lililotupwa na mtu asiyeonekana. Ulimpata usoni, shingoni, vidoleni. Lamara alikuwa amemshonea kofia yenye vipande vya ngozi masikioni, na ndani yake alimwekea sufi iliyopakwa mafuta mazito. Kofia ile ilikuwa mbaya kuitazama, lakini maji hayakupita.

Mchezo wake wa kwanza langoni ulikuwa wa kirafiki, dhidi ya wanafunzi wa chuo kimoja. Alifungwa mabao kumi na moja. Katika chumba cha kubadilishia nguo Irakli, winga wa timu na mtu wa mzaha, alipanda juu ya benchi.

"Jamani, tulitafuta kipa, Mungu akatupa bata. Leo ametaga mayai kumi na moja."

Jina la Bata likamganda. Otia alicheka pamoja nao, akavaa, akatoka nje, na njiani kuelekea tramu alisimama akashika uzio kwa mikono miwili. Si mabao yaliyomuuma. Kilichomuuma ni kwamba mipira yote kumi na moja aliiona. Alijua kila mmoja unakwenda wapi kabla haujatoka mkononi, kwa sababu yeye mwenyewe alikuwa amepiga mipira ya namna hiyo maelfu. Macho yalifika, mwili ukachelewa.

Siku iliyofuata alimweleza Guram. Guram aliweka chini chungwa alilokuwa akimenya.

"Unaona kabla?"

"Naona bega. Bega haliongopi."

"Mimi nilihitaji miaka mingi kuliona hilo bega," Guram alisema taratibu. "Basi, ndugu yangu, kilichobaki ni miguu, na miguu ni kazi tu. Lete kiti."

Toka siku hiyo hakumenya machungwa tena wakati wa mazoezi ya Otia. Aliingia majini pamoja naye.

*

Misimu miwili Otia alikaa benchi. Aliingia mechi ikiwa imeshaamuliwa, akatoka bila mtu kukumbuka kwamba aliingia. Mama yake alituma salamu za kreni kwa kila mtu aliyetoka Poti. Lakini miguu ilianza kumtii. Alipokanyaga maji sasa aliweza kupanda mpaka kiunoni, mikono yote miwili hewani, na akabaki huko kitambo kama mtu aliyeegemea dirisha.

Timu yenyewe ilikuwa inashuka. Msimu wa pili ulipokaribia mwisho, maji yalikuwa yamewafika shingoni: ilibaki mechi moja, nyumbani, dhidi ya timu kubwa kutoka Moscow. Wakifungwa, wanashuka daraja. Wakitoka sare, wanasalia.

Watu walijaa majukwaani, wakining'inia hata kwenye miti ya ng'ambo ya ukuta. Robo mbili za kwanza Moscow waliongoza nne kwa mbili. Otia, kutoka benchi, hakuwa anatazama mpira. Alitazama mkono wa kulia wa Guram. Haukuwa unapanda. Uliishia usawa wa sikio na kurudi chini, na mabao mawili ya mwisho yalipita hapohapo.

Wakati wa mapumziko Guram alitoka majini kwa kutumia mkono mmoja. Alikaa karibu na Otia, upande wa sikio lililo zima.

"Bega limekwisha tangu majira ya joto," alisema kwa sauti ya chini. "Nilidhani litanivusha msimu."

"Kaka, kwa nini hukusema?"

"Wewe ulikaa na kile kiti ukasema umechoka?"

Akafungua kamba za kofia yake nyekundu, kofia ya kipa, akaiweka juu ya goti la Otia. Sordia aliwaona, akaja mbio masharubu yakimcheza.

"Nani amekwambia utoke? Guram, kuna robo mbili mbele yetu."

"Mkono wangu hauinuki, Valerian. Mweke huyu."

"Bata?"

"Mweke," Guram alisema, "au uingie wewe."

Otia hakuweza kuivaa kofia ya Guram, kwa kuwa haikuwa na ngozi masikioni. Alivaa yake, ile nyekundu mbaya aliyoshonewa na Lamara, na akaingia.

Robo ya tatu hakufungwa. Mpira wa kwanza aliudaka kwa mikono miwili, na majukwaa yakapumua. Wa pili aliupangua. Wa tatu mshambuliaji wa Moscow alijifanya anapiga mara tatu, kipa yeyote angekwisha ruka, lakini bega halikuwa limesema lolote na Otia alibaki palepale akimngojea. Irakli akafunga moja. Robo ya nne beki mmoja wa Tbilisi akafunga kutoka mbali, kwa bahati zaidi kuliko shabaha, na ikawa nne kwa nne. Uwanja mzima ukaanza kuimba.

Saa ikiwa karibu kuisha refa alipuliza filimbi: penalti, kwa Moscow. Hakuna aliyebisha, kwa kuwa beki alikuwa amemshika mtu kwa mikono yote miwili mbele ya macho ya watu wote.

Aliyeujia mpira alikuwa Kostya, yuleyule aliyemvuta Otia kutoka chini ya maji kule Moscow. Alipofika usawa wake alitabasamu.

"Habari za sikio, Otia?"

"Lipo. Piga."

Filimbi ililia. Otia alipanda. Bega la Kostya lilifunguka kuelekea kushoto, juu, na Otia alikwenda huko kwa nguvu zote alizokuwa nazo. Mkono ulichelewa, lakini kichwa kiliwahi. Mpira ulimpiga juu ya sikio la kushoto, pale kwenye ngozi, ukaruka nje ya mstari. Alisikia tena ule mlango ukifungwa kichwani. Ulimwengu ukaanza kupinduka, lakini safari hii alijua la kufanya: alishika mwamba wa lango kwa vidole vyake vyote na kukodolea macho ubao wa saa, asiuache, mpaka filimbi ya mwisho. Filimbi hakuisikia. Alijua imelia kwa sababu Irakli alikuwa anamrukia.

Usiku ule, mezani, kulikuwa na kuku, maharage, mkate wa jibini na divai ya nyumbani, na Sordia ndiye aliyeongoza karamu. Guram alisimama na glasi katika mkono wa kushoto.

"Nanywa kwa ajili ya mtu aliyekuja kuchukua kazi yangu," alisema. "Nilimngoja achoke. Bado nangoja."

Lamara alikuwa hapo, amekaa kushoto kwa Otia, na alikuwa amekasirika.

"Niliweka ngozi ili sikio lipone," alimwambia, "siyo ili uzuie nalo mipira."

"Umesema nini? Upande huo sisikii. Hamia kulia."

"Sihami. Nitakaa hukuhuku niseme ninavyotaka."

Walioana kabla ya mwaka kwisha. Kotsia alikuja kutoka Poti, akamkumbatia mwanawe, akasema, "Umefanya vizuri, baba," na yakawa ndiyo maneno yake yote kwa siku mbili. Natela alicheza mpaka akavunja kisigino cha kiatu. Habari ya kreni haikutajwa tena.

*

Sikio la kushoto lilikufa kabisa, na lilipokufa likaacha kusumbua. Mwaka uliofuata Otia aliitwa tena Moscow. Arkadi Pavlovich alikuwa amevaa koti lilelile. Alimtazama langoni asubuhi nzima, kisha akamwita.

"Lomaia. Nilikuwa na Lomaia mwingine hapa zamani, mshambuliaji. Ni ndugu yako?"

"Ni mimi, Arkadi Pavlovich."

"Yule alikuwa anasukuma kabati."

"Sasa nimelikalia."

Mzee alicheka, na watu waliokuwepo wanasema hawakuwahi kumwona akicheka kabla ya hapo. Otia akawa kipa wa pili wa taifa. Alisafiri na timu. Huko Budapest, mbele ya Wahungari wanaoipenda polo kuliko chakula, alicheza robo nzima ya mwisho, akafungwa mara mbili na kuzuia mipira mingi zaidi, na mzee mmoja wa jukwaani alimrushia ua.

Olimpiki hakwenda. Ilipofika ile ya Munich, kijana mmoja wa Moscow alikuwa ameiva, mrefu, mwenye masikio mawili. Arkadi Pavlovich alimwambia Otia ana kwa ana, chumbani, mlango umefungwa.

"Ningependa iwe vingine."

"Yule kijana ni bora kuliko mimi?"

"Ndiyo. Kidogo."

"Basi ni haki," alisema Otia, na akaenda kupanga nguo zake. Lamara anasema aliporudi nyumbani alikaa kibarazani siku nzima bila kula, amemgeuzia jirani sikio lile bovu. Kesho yake aliamka mapema, akachukua taulo, akaenda mazoezini.

Alilinda lango la Tbilisi mpaka nywele zikaanza kumwacha, kisha akawa mwalimu wa makipa. Wengi wa makipa wake walikuwa watu walioshindikana kwingine: pumzi zao fupi, au mabega yamechoka, au wameanza wakiwa wamechelewa. Hakumuuliza mtu umri.

Miaka ile mibaya ilipokuja, nchi ile kubwa ilipovunjika, umeme ukawa wa kubahatisha na mkate wa kupangia foleni, bwawa lilikaushwa kwa kukosa joto na nyasi zikaota kwenye nyufa zake. Watu walidhani Otia sasa atapumzika. Yeye akawachukua wachezaji wake mpaka ziwa la Lisi, juu ya mji, akafunga maboya na kusimamisha lango la mabomba ya zamani. Ilikuwa Oktoba.

"Mwalimu, maji haya yanaua," mmoja wao alimwambia.

"Hayaui. Yanauma tu," Otia alimjibu, naye akavua shati na kutangulia kuingia. Lamara alikuwa ufukoni na birika la chai lililofungwa blanketi, akimfokea upande asiosikia.

Masika yalipofika walikwenda Batumi kucheza mechi yao ya kwanza baada ya muda mrefu. Walifungwa vibaya. Jumatatu walikuwa tena ziwani, mazoezini.